Naomba ushauri: nianzie wapi kumfuatilia mwigizaji wa Kijapani Yoshio Tsuchiya?

Wakuu, habari zenu. Yoshio Tsuchiya nilimwona kwanza kama Rikichi, mkulima aliyeporwa mkewe, katika filamu ya Seven Samurai ya 1954. Kumbe mwaka uliofuata tu alishaingia filamu za Godzilla, lile dubwana la kubuni! Kwenye The Mysterians (1957) ni kiongozi wa wavamizi kutoka anga za mbali, uso umefunikwa wote, anaigiza kwa sauti na mwili tu. Hapo ndipo aliponiteka. 1965, katika Invasion of Astro-Monster, akawa mtawala wa Sayari X, na 1991, katika Godzilla vs. King Ghidorah, tajiri Shindo, mwanajeshi wa zamani aliyeokolewa na dinosaria vitani.

Nataka kuzitazama na mdogo wangu wa miaka 12. Nifuate mfululizo wa miaka, au nianze na ya 1991? Na Matango, filamu yake ya kutisha ya 1963, haitamtisha mno? Naombeni mwongozo.