Gemu la viumbe wa Nyanda za Juu Kusini: kiluwiluwi cha chura wa Kihansi mmekitoa wapi?

Wakuu, salaam. Leo naandika nikiwa na hasira na sitaki kuificha.

Mnaofuatilia mnalijua lile gemu la mashabiki, la kukamata viumbe na kuwapambanisha, ambalo vijana wenzetu walilipigia debe mwaka mzima kwamba ramani yake ni huku kwetu, Mbeya, Njombe hadi Iringa. Jina silitaji. Wiki iliyopita wametoa toleo kamili. Nimelipakua kwa bando langu, nikaliweka kwenye kompyuta mbili za banda langu la magemu hapa Mwanjelwa, nikalicheza usiku tatu mfululizo mpaka nikalimaliza. Ramani nzuri. Muziki mzuri. Viumbe ni aibu.

Wako 96. Nilikaa na daftari nikawahesabu mmoja mmoja. Jamii ya mbwa, 11. Simba na chui, 9. Majoka ya moto yenye mabawa, 3, na moja ni la gemu la watu lililobadilishwa rangi tu, kila mchezaji atalitambua. Ruaha simba wapo, tena wengi, hilo sibishi. Lakini unapanda Kitulo, Bustani ya Mungu yenyewe, unaingia kwenye nyasi unakutana na mbwa wa Kizungu mwenye manyoya! Kitulo ilifanywa hifadhi ya taifa mwaka 2005 kwa ajili ya maua. Kuna aina zaidi ya 40 za okidi pale, na viazi vyake watu wanavichimba vinavushwa Zambia kupikwa chikanda. Kiumbe cha majani anayejificha ndani ya kiazi chake ardhini, mvua zikianza anachomoza, mkimchimba mapema anakufa: kazi yote ilishafanywa na Kitulo, nyie mlitakiwa kuchora tu. Hayupo.

Sasa nije kwenye kilichonifungulisha uzi.

Chura wa Kihansi wamemweka. Nilipomwona kwenye orodha nilifurahi, nikamwita mdogo wangu aje aone. Hatua ya kwanza: kiluwiluwi cha bluu, kina mkia, kinaogelea ziwani. Leveli ya 16 anaota miguu. Leveli ya 34 anakuwa chura mkubwa kuliko mchezaji, anatema sumu.

Wakuu, chura wa Kihansi hana kiluwiluwi. Anazaa! Mama anabeba watoto tumboni na wanatoka wakiwa vyura kamili, miguu minne, wadogo kama punje. Mkubwa wao hafiki sentimita tatu, rangi yake ni manjano ya dhahabu, na hakai ziwani. Anakaa kwenye majani yanayolowana kwa manyunyu ya maporomoko, kwenye korongo moja tu duniani, kule Udzungwa. Maji yalipochepushwa kwa ajili ya umeme mwaka 2000 manyunyu yakapungua, baadaye na ugonjwa wa kuvu ukaingia, wakaisha. Mwaka 2009 ikatangazwa kwamba porini hawapo tena. Waliobaki ni uzao wa wale kama 500 waliokuwa wamepelekwa Marekani, na kuanzia 2012 ndipo wakaanza kurudishwa korongoni, wananyunyiziwa maji kwa mabomba.

Hebu fikirieni kiumbe huyo kwenye pambano. Mwili mdogo, nguvu kidogo, kumpiga ni shida kwa sababu humwoni. Mvua ikinyesha anapona kila zamu, jua likiwaka anaanza kuisha. Habadiliki kabisa, anazaliwa kamili. Ukimtaka, kwanza urudishe maji korongoni. Hiyo ni safari nzima ya mchezaji, na ni ukweli mtupu. Wao wamechukua jina wakatupa mnyama.

Kipunji, yule kima wetu, naye hivyo hivyo. Wamempa asili ya moto, eti kwa sababu Mlima Rungwe ni volkano. Mnyama wa baridi! Anaishi juu huko, hadi kama mita 2,450, ndiyo maana ana manyoya marefu. Mteja wangu mmoja, dogo wa darasa la tano, kwao Isongole, alimtazama kwenye kioo akaniuliza: "Anko, mbona mkia wake mfupi?" Kipunji ana mkia mrefu, ncha yake nyeupe, na utosini ana ushungi wa nywele zilizosimama. Wawindaji wa Rungwe walikuwa wanamjua na kumtaja miaka yote. Wanasayansi wakaja kumwandika 2005, na mwaka uliofuata wakampa jenasi (kundi la kisayansi) yake peke yake. Mtoto wa darasa la tano kaona kosa ambalo timu nzima haikuona.

Sange wa Udzungwa, yule mnyama mdogo wa pua ndefu, mwenye uso wa kijivu, hayupo. Kwale wa Udzungwa, ambaye watafiti walimgundua 1991 baada ya kuona miguu ya ajabu kwenye sufuria ya mboga, hayupo. Nawapa haki yao kwenye kimondo cha Mbozi tu: wa chuma, mzito, hakimbii, huyo wamempatia.

Najua kuna watakaosema gemu ni la bure, ukitaka tengeneza lako. Sawa, ni la bure. Lakini mimi niliwatumia kurasa nne tangu mwezi wa pili, kila kitu kuhusu huyo chura kimo, na nilijibiwa "tumepokea mkuu". Halafu hata hao Wajapani wa Pokémon tunaowaiga, walioanza 1996 na viumbe 151, mwanzilishi wao Satoshi Tajiri alikuwa mtoto wa kukusanya wadudu. Wazo lote lilitoka hapo, kwenye kumtazama mdudu mdogo kwa makini. Kama hamtaki kutazama, mnatengeneza nini?

Kama kuna wa timu anasoma hapa, sihitaji kuombwa radhi. Ondoeni kile kiluwiluwi kwenye toleo lijalo, rudisheni mkia wa kipunji, na mbwa wasiopungua nane wapishe. Zile kurasa nne bado ninazo, nazituma tena leo hii. Nijibuni hapa hapa kwenye uzi, kila mtu aone.