Naomba ushauri: tuandike "wabaini" au "ouabaini"?

Wakuu, naandaa vidahizo (maneno yanayofafanuliwa kwenye kamusi) vya glikosidi za moyo, yaani kemikali zenye sukari zinazoathiri mapigo ya moyo, kwa kamusi ya kemia, nimekwama kwenye tahajia. Asili ya neno ni Kisomali, waabaayo, sumu ya mishale itokanayo na miti ya jenasi Acokanthera. Wafaransa waliandika ouabaïo; mkemia Mfaransa Arnaud alipoitenga sumu hiyo kwenye mbao za mti huo mwaka 1888, ikaitwa ouabaïne. Yaani "oua" ni "wa" tu iliyovishwa kanzu ya Kifaransa, ndiyo maana naegemea "wabaini". Ila anayetafuta kwa jina la kimataifa, ouabain, hataiona kwenye W. Niweke rejeo kwenye O?

La pili ni zito zaidi. Kemikali hiyohiyo huitwa pia g-strofanthini, g ya mmea Strophanthus gratus. Lakini k-strofanthini ni kitu kingine, mchanganyiko wa glikosidi za mmea mwingine, Strophanthus kombe. Ukikosea herufi hiyo moja, umekosea dawa na kipimo chake. Niweke vidahizo viwili, au kimoja chenye onyo? (Kiishio -ini kisimpotoshe mtu: hii si alkaloidi, kundi jingine la kemikali za mimea ambazo majina yake mengi huishia hivyo.)