Tupeane uzoefu: chai baridi ya matunda ya nyumbani, wewe unaitengenezaje?

MpishiWaMbagala

Wakuu, poleni na joto. Kaskazi imeshika kwelikweli, huku Dar feni inapuliza hewa ya moto usiku kucha, na soda za kila siku zinamaliza hela na meno ya watoto. Kwangu siku hizi jagi la chai baridi ya matunda halikosi kwenye friji. Naomba kila mwenye namna yake aiweke hapa: majani gani, tunda gani, unalitia wakati gani, inakaa siku ngapi. Leteni ile mnayoinywa wenyewe.

Naanza mimi. Lita moja ya maji ikichemka nazima jiko, natia vijiko vitatu vya chai vya majani ya kawaida, yale ya punjepunje, nafunika dakika tatu, kisha nachuja. Sukari inaingia hapohapo ikiwa ya moto, maana kwenye baridi haiyeyuki, inalala chini ya jagi. Ikishapoa kabisa ndipo natia pasheni, sita au saba kubwa. Nakwangua na kijiko, blenda naigusa mara mbili na kuzima, nachuja. Blenda ikizunguka sana zile mbegu nyeusi zinasagika na juisi inaingia chengachenga.

Kwa maoni yangu, chai hii huharibikia kwenye majani kabla hata tunda halijafika. Tumekulia chai ya maziwa, ambayo lazima ichemke mpaka ikolee ndipo maziwa yasiimeze. Sasa chai iliyochemshwa hivyo, iondolee maziwa, ipoze, uinywe: inakamata ulimi mpaka unatafuta maji. Hakuna pasheni ya kuiokoa.

Mkinga_wa_Mufindi

Mkuu umesema kweli, na niongezee kidogo kwa kuwa nimekulia pembeni ya mashamba ya chai. Majani yetu mengi, yawe ya Mufindi, Rungwe au Kericho kule Kenya, yanapitishwa kiwandani kwenye mashine za CTC, zinazoyakata, kuyachana na kuyaviringisha kuwa punje. Punje ndogo ina sehemu kubwa inayogusana na maji, ndiyo maana rangi na ukali vinatoka kwa dakika mbili tatu. Mtindo huo ni mzuri kwa chai ya maziwa. Kwa chai baridi, majani marefu yanasamehe zaidi, ukisahau dakika mbili hayakuadhibu.

Nyumbani kwangu siyapiki kabisa. Nachemsha maji, nayaacha yapoe, natia majani vijiko vinne kwa lita, nafunika, naweka kwenye friji usiku kucha. Asubuhi nachuja. Inakuwa laini, haina ule ukali, na wala haihitaji sukari nyingi. Maji baridi hayatoi ukakasi kama yanavyotoa ya moto. Ila msiruke hatua ya kuchemsha maji kwanza. Hapa hakuna moto wa kuua vijidudu, kwa hiyo maji ya bomba yakiingia mabichi yanabaki mabichi.

Tunda langu ni limau na asali. Asali naiyeyusha pembeni kwenye maji ya uvuguvugu.

Bint_Unguja

Assalaam alaykum. Mie kwetu mwezi wa Ramadhani ukiangukia kaskazi, kama miaka hii, watu wakishafungua kwa tende hawataki kitu cha moto mkononi, ingawa bibi yetu bila ya chai ya tangawizi hajafuturu. Basi natengeneza mbili.

Ya baridi inaanza na mchaichai. Nachukua majani ya mchaichai fungu la mkono, nayafunga kifundo, nayachemsha na kipande cha tangawizi kilichopondwa na iliki tatu. Nikishazima moto ndiyo natia majani ya chai, kidogo tu, kijiko kimoja na nusu kwa lita, kwa sababu mchaichai nao una sauti yake. Nachuja, natia sukari, naacha ipoe.

Tunda ni embe, na hapa watu wengi wanakwama, maana embe zito linashuka chini na juu inabaki chai tupu. Mie silitii bichi. Nakata maembe mawili yaliyoiva, nachemsha na kikombe cha maji na sukari robo kikombe mpaka lilainike, napitisha kwenye chujio kwa mgongo wa kijiko. Inatoka shira nzito ya manjano. Hiyo shira inakaa kwenye chupa ndani ya friji, ukitaka unachanganya vijiko vitatu vinne kwenye bilauri na unakamulia ndimu. Embe bila ndimu linapooza, linakuwa tamu bure. Ndimu ndiyo inayolifanya embe lijulikane kuwa ni embe.

Na ndimu jamani tia maji yake tu, ikishapoa. Ukiichemsha na ganda lake utapata uchungu.

Kaka_Mgumu

Nisaidieni. Mmechukua juisi ya pasheni mkaitia maji yenye rangi. Kwa nini nisinywe juisi yangu moja kwa moja?

MpishiWaMbagala

Kunywa tu kaka, hakuna aliyekukataza. Lakini pasheni sita ukizifanya juisi tupu unapata bilauri mbili tatu. Kwenye chai zinashibisha nyumba nzima, na ule ukakasi mdogo wa chai unakata utamu, hukinai. Mwanangu anayekataa juisi nzito hii anaimaliza.

Mama_Pacha

Mimi ni wa maganda ya nanasi. Nanasi la Kiwangwa likifika kwangu halitupwi kitu. Nalisugua kwa brashi na maji kabla ya kumenya, kisha maganda na kile kigogo cha katikati naviweka sufuriani na maji lita moja na nusu, mdalasini kijiti kimoja, karafuu nne, tangawizi. Inachemka dakika ishirini. Nikizima ndiyo natia majani ya chai dakika tatu. Utamu wa nanasi unatoka wenyewe, sukari naongeza kidogo sana. Nyama ya nanasi watoto wameshakula, kwa hiyo kinywaji hiki ni kama cha bure.

Swali kwa wataalamu: yangu nikiiweka kwenye friji ikiwa bado ya moto inakuwa na ukungu, si ule wa kuvu, ni kama maji ya mchele. Imeharibika?

Mkinga_wa_Mufindi

Haijaharibika dada. Ni vile vitu vinavyoipa chai ukakasi, vinashikana na kafeini chai inapopoa, ndiyo unaona ukungu. Kadiri chai ilivyokolea na kadiri ilivyopozwa ghafla, ndivyo unavyoonekana zaidi. Iache mezani ipoe kwanza, halafu friji. Kama imeshatokea, mimina maji ya moto kidogo ukoroge, inang'aa tena. Ile ya kulowekwa usiku kwenye friji huwa safi bila shida.

Mnandi_Mtulivu

Salamu kutoka Nandi, Kenya. Huku kwetu hakuna joto kama lenu la pwani, lakini dada yangu yuko Mombasa na ndiye alinifundisha haya mambo. Nataka niwaambie kuhusu chai ya zambarau. Ni aina ya mchai, TRFK 306, iliyotolewa kwa wakulima mwaka 2011 na watafiti wa chai wa hapa Kenya. Majani yenyewe shambani yana rangi ya zambarau, kwa sababu yana ile rangi iliyomo kwenye zabibu nyeusi. Ukipata iliyotengenezwa kwa mtindo wa chai ya kijani, isiyoachwa ikawa nyeusi, iloweke kwenye maji yasiyochemka sana, dakika tatu, ipoze. Kisha kamulia ndimu mbele ya wageni. Inageuka rangi ya waridi pale pale. Watoto wa dada hawaishi kuomba ile ya uchawi.

Hata chai nyeusi ya kawaida ukiitia limau inapauka, si kwamba imepungua nguvu.

Mpemba_wa_Maskati

Sie huku Oman mnayoiita joto huko Dar tungeiita upepo mwanana. Maskati mwezi wa Juni na Julai inapita nyuzi 40 na usiku haupoi. Watu wa huku wana loomi, ndimu ndogo zilizochemshwa kwenye maji ya chumvi kisha zikaanikwa mpaka zikawa ngumu na nyeusi. Nyumbani zinaingia kwenye mchuzi, lakini kinywaji chake ndicho kinachonifaa mie.

Nazipasua tatu nne, natoa mbegu zote kwa sababu ndizo zenye uchungu, nazitia kwenye maji yaliyochemka na sukari, dakika tano hivi. Wengine wanaishia hapo, na wengi wanainywa moto. Mie natia majani ya chai kidogo mwishoni, nachuja, napoza, natupia mnanaa. Ladha yake si ya ndimu mbichi, ina kitu cha kama moshi na uchachu wa ndani. Ukimwonjesha mtu wa Unguja mara ya kwanza anakunja uso, bilauri ya pili anaomba mwenyewe. Mama yangu Wete simwambii kuwa chai nainywa na barafu, atadhani nimeumwa.

Mswahili_Texas

Niko Houston. Hapa chai ikitajwa mgahawani kiangazi wanakuletea ya barafu, ya moto lazima uiombe. Wamarekani walikuwa wanainywa hivyo hata kabla ya maonyesho makubwa ya St. Louis ya 1904, ila maonyesho yale ndiyo yaliyoipa umaarufu. Watu wa kusini hawa sukari yao inatisha: kikombe kizima kwenye galoni, karibu lita nne, na wako wanaotia viwili. Mimi natia theluthi ya hiyo, mapichi yaliyoiva ndiyo yanafanya kazi iliyobaki, kwa njia ile ile ya shira aliyoieleza Bint Unguja.

Jirani yangu mzee anatia bekingi soda, ncha ya kijiko tu, kwenye chai ikiwa moto. Inaondoa ukakasi na rangi inakoza. Inafanya kazi kwa chai tupu. Kama utatia pasheni au ndimu achana nayo, uchachu wa tunda utakufa.

Halafu kuna mtindo wa kuweka mtungi wa kioo juani na majani ndani, jua liipike. Unapendeza kwenye picha. Msiuige huko nyumbani. Maji yanapata uvuguvugu wa kukuzia vijidudu, hayafiki moto wa kuviua.

Choya_Dodoma

Mmesahau choya! Rosela kavu kiganja kimoja, maji ya moto lita moja, dakika kumi, tangawizi na karafuu mbili. Haina chai ndani kwa hiyo watoto wanakunywa hata usiku. Nyekundu kama nguo ya harusi ya Kihindi. Msitumie sufuria ya aluminiamu, choya ni kali kwa uchachu na inakula chuma kile. Tumieni ya stili au ya enameli. Na mwenye dawa za presha amuulize daktari wake kwanza, maana choya nayo inashusha presha.

Nesi_Mstaafu

Naongezea moja kwa wajawazito na wenye upungufu wa damu: chai, ya moto au ya baridi, ikinywewa pamoja na chakula inazuia mwili kuchukua madini ya chuma kutoka kwenye maharage na mboga. Inyweni saa moja au mbili baada ya mlo. Na mtoto chini ya mwaka mmoja asipewe chochote chenye asali.

Kaka_Mgumu

Nimejaribu ya pasheni. Sina la kusema. Barafu lakini inaizimua, ukifika nusu ya bilauri unakunywa maji.

Mama_Pacha

Gandisha chai yenyewe kwenye vile visahani vya barafu kaka. Au gandisha juisi ya pasheni. Ikiyeyuka ndiyo ladha inaongezeka. Na barafu ya mtaani usiitie, hujui maji yake yametoka wapi.

MpishiWaMbagala

Aliyeniuliza pembeni kuhusu kuuza ofisini: mimi yenye tunda bichi ndani siipi zaidi ya siku mbili kwenye friji, na umeme ukikatika mchana kutwa naimwaga. Ukitaka kubeba kwa wingi, beba chai tupu iliyopoa na shira ya tunda kwenye chupa yake, uchanganye palepale.

Choya naitafuta kesho Kariakoo, loomi sijui kama nitaipata. Bado hajatokea mtu wa ukwaju wala wa stafeli. Ukwaju najua unalowekwa na kukamuliwa, lakini kwenye chai unautia kiasi gani usije ukaimeza? Na stafeli kuna anayeweza kulichuja likawa jepesi, au tuliache kwenye maziwa yake?