Tuzo ya mhariri wa filamu: itolewe mubashara au kando?

Wakuu, naomba tulijadili hili. Mwaka 2022 waandaaji wa Oscar walitoa tuzo 8, ya uhariri ikiwemo, kabla matangazo ya mubashara hayajaanza. Joe Walker akachukua yake kwa kuihariri filamu ya Dune, sisi wa nyumbani tukaonyeshwa baadaye ikiwa imeshakatwakatwa. Mhariri naye kahaririwa! 2019 walitaka kuisogeza kwenye muda wa matangazo ya biashara, wenye fani wakaja juu, wakaufyata. 2023 tuzo zote 23 zikarudi hewani, na kwangu hapo ndipo mahali pake. Kuanzia filamu za 1981 hadi za 2013, hakuna iliyobeba tuzo ya filamu bora bila kuteuliwa pia kwenye uhariri. Birdman, filamu ya 2014, ndiyo iliyovunja mwiko.

— Mkuu, hapo tunapishana. Watu wanakesha kuwaona waigizaji na magauni yao, si fundi wa kukata picha. Halafu nijibu hili: wapiga kura wanaipimaje kazi ya mhariri na hawajaona vipande alivyovitupa?

— Kwenye vilivyotupwa umegusa penyewe. Mimi ni edita wa tamthilia. Juzi nimeletewa sini ya chai: mama mkwe kashika kikombe mkono wa kulia, shoti ya karibu kikombe kimehamia kushoto, na chozi zuri liko kwenye hiyo hiyo ya kushoto. Chozi silitupi! Nikachomeka mtoto anachungulia mlangoni, sekunde moja tu, kisha nikarudi kwa mama. Hakuna aliyeshtuka, hata mwongozaji. Sasa mpiga kura angenipa maksi za nini? Ila hilo ni tatizo la kupiga kura, halihusiani na kuonyeshwa hewani.

— Nashukuru, edita. Na wewe wa magauni, kumbuka Jaws ya 1975, filamu ya samaki papa. Papa wa mashine alikuwa haishi kuharibika. Mwongozaji Spielberg na mhariri wake, Verna Fields, wakawa wanavutana papa aonekane kwa muda gani. Sekunde moja ya filamu ina fremu (picha moja moja) 24, na ubishi ulikuwa wa fremu chache tu: zikizidi, papa anageuka mdoli. Fields alipata Oscar, na studio ya Universal wakampa umakamu wa rais wa kampuni. Kama shida ni muda, wapunguze vichekesho vya mshereheshaji. Wengine mnasemaje?