Mtoto wa mwezi mmoja anatapika kila akinyonya, wanasema lazima apasuliwe. Naombeni ushauri

mama_shuu:
Habari za usiku wanajamvi. Naandikia wodini na chaji inaisha, mnivumilie. Mwanangu wa kiume, kifungua mimba wangu, ana mwezi na kawiki hivi. Kazaliwa vizuri tu, ananyonya vizuri, ila kwenye wiki ya tatu akaanza kucheua, nikaambiwa watoto wote wanacheua we mbeulishe, basi nambeulisha wee mpaka mkono unaniuma. Baadaye haikuwa kucheua tena, ni kutapika, na yanaruka, mtoto yuko mapajani kwangu maziwa yanaenda kudondokea huko mwisho wa mkeka, akimaliza anatafuta ziwa upya kama hajanyonya. Kliniki uzito umerudi nyuma. Pempasi naivua jioni haijalowa.

Kituo cha kwanza walitupa dawa ya gesi tukarudi nyumbani. Huku tulipo sasa wamempiga altrasaundi, wanasema pailoriki stenosisi, msuli wa mlango wa kutokea tumboni kwenda kwenye utumbo umenenepa njia imebana, dawa yake ni kupasuliwa. Sawa. Ila wamemkataza hata kunyonya, wamemuwekea dripu na mpira puani, na tangu jana kila nikiuliza wanasema upasuaji bado mpaka damu ikae sawa. Mume wangu anasema wanatuzungusha wanataka chochote. Mama mkwe ndo kabisaa, anasema hilo ni chango, mjukuu wake hapasuliwi, tusaini tutoke akamtafutie dawa. Kama kuna dawa ya kunywa niambieni. Na katoto kadogo hivi kakipigwa nusu kaputi kataamka kweli jamani?

babu_mizizi:
Bibi yuko sahihi hilo ni chango, hospitali hawaliwezi. Njoo inbox.

Chuma_Ulete77:
Hakukosi mmoja wa njoo inbox kwenye uzi wa mtoto mgonjwa. Mods mpo?

tabibu_wa_zamu:
Pole dada yangu. Usisaini kutoka, nakuomba. Mumeo anaona wanachelewesha ila hao wanafanya inavyotakiwa, mtu wa kuogopwa ni yule ambaye angemkimbiza theta usiku uleule.

Mtoto akitapika siku nyingi anamwaga na asidi ya tumboni, kwa hiyo klorini inashuka, potasiamu inashuka, damu inakuwa na alkali nyingi. Damu ikiwa hivyo ubongo unapunguza kasi ya kupumua, sasa ukimlaza usingizi akiwa kwenye hali hiyo ndo unakuta upasuaji umeisha salama halafu mtoto hapumui vizuri. Ndo maana wanampa dripu ya chumvi na sukari, akishaanza kukojoa wanaongeza potasiamu, wanarudia damu, ikikaa sawa ndo anaingia. Mara nyingi ni siku moja au mbili, aliyekaukiwa sana anaweza kupita hapo. Tatizo lenyewe halihitaji upasuaji wa kukimbizana, cha haraka ni maji na chumvi. Mpira wa puani unatoa yaliyobaki tumboni asije akayavuta kwenye mapafu akiwa amelala.

Altrasaundi wameandika msuli una unene gani?

mama_shuu:
Asante dokta. Hapa wameandika unene milimita 5, urefu 19.

tabibu_wa_zamu:
Basi hakuna ubishi. Msuli ukifika milimita 3 kwenda juu na mlango ukiwa mrefu kuanzia kama 15 tunasema ndiyo yenyewe. Na historia yako imenyooka kabisa, mtoto wa kiume (wa kike ni wachache sana, wavulana wanawazidi kama mara nne), wa kwanza kuzaliwa, wiki ya tatu mpaka ya sita, anatapika maziwa matupu na njaa iko palepale.

Ila wengine mnaosoma shikeni hili, mtoto mchanga akitapika KIJANI hiyo ni habari nyingine, utumbo unaweza kuwa umejisokota, hapo husubiri kupambazuke. Na hizi erithromaisini za duka la dawa msiwape vichanga kienyeji, zikitolewa wiki mbili za mwanzo zinaongeza uwezekano wa tatizo hilihili.

Ney_wa_Kwadelo:
Kwetu mtoto akitapika hivyo anakatwa kimeo na anapona

Bi_Zuhura:
Anapona gani mwanangu? Kimeo kiko kooni, yeye kabanwa chini ya tumbo huko, vinahusiana vipi? Nimefanya kazi wodi ya watoto miaka mingi, waliokatwa kimeo tulikuwa tunawapokea wanavuja damu, wengine shingo zimevimba usaha. Tusiandike vitu hivi mtoto wa mwenzetu akiwa kitandani.

Kovu_la_Kulia:
Mama shuu mimi ni huyo mwanao aliyekua. Nilipasuliwa nikiwa na wiki kama sita, kovu ninalo juu ya kitovu upande wa kulia, na ugali na maharage navifukia kama kawaida. Mke wangu alipojifungua dume nikamwambia huyu tumuangalie, maana mzazi akiwa nayo mtoto anaweza kuirithi. Wa kwangu hakuwa nayo shukrani kwa Mungu.

Kuhusu dawa, ipo inaitwa atropini, Wajapani wameitumia sana, inapita kwenye mshipa halafu ya kunywa kwa wiki kadhaa, lakini inafeli mara nyingi kuliko kisu na mtoto anakaa sana hospitali. Mimi nisingehangaika nayo.

mama_shuu:
Sasa wanakata nini hasa? Wanatoa msuli?

tabibu_wa_zamu:
Hawatoi kitu. Wanachana ule msuli kwa urefu, wanautanua, ngozi laini ya ndani wanaiacha nzima, njia inafunguka basi. Mjerumani Ramstedt aliieleza 1912 na mpaka leo ndo hiyohiyo, kabla ya hapo watoto wengi walikuwa wanakufa tu. Mara nyingi haizidi saa moja. Hatari zipo, sikufichi, ile ngozi ya ndani inaweza kutoboka (wakiona wanaishona palepale), kidonda kinaweza kuingia wadudu, na mara chache msuli haukuchanwa wote ikabidi warudie. Usingizi ndo wa kuangaliwa zaidi, muulize tu nani atamlaza na kama wanalaza vichanga mara kwa mara. Kama hawafanyi watakupa rufaa, Muhimbili, KCMC na Bugando wana mabingwa wa upasuaji wa watoto.

Chuma_Ulete77:
Na gharama je? Si wa chini ya miaka mitano ni bure?

Bi_Zuhura:
Sera inasema hivyo kwa hospitali za serikali, ila unaweza kuandikiwa kitu ukanunue nje. Wakikwama waulize ofisi ya ustawi wa jamii hapohapo hospitali, ipo kwa kazi hiyo. Na mama, yule mkwe usigombane naye. Muombe daktari wa zamu amuite amueleze yeye mwenyewe, amuonyeshe na ile picha. Bibi akieleweshwa kwa heshima anakuwa mlinzi wako.

Unakamua maziwa lakini?

mama_shuu:
Hapana, si hanyonyi.

Bi_Zuhura:
Kamua mwanangu, kila baada ya saa tatu hivi na usiku pia, hata ukimwaga. Wakimruhusu kunyonya ukute yamekauka ndo utalia.

mama_shuu:
Jamani ameingia leo asubuhi ametoka salama!! Bibi yake ndo kashinda mlangoni pa theta na tasbihi yake. Jioni wakaniruhusu nimnyonyeshe kidogo, sasa hivi katapika tena, sio kwa kuruka ila katapika, nimeishiwa nguvu, ina maana haikufanikiwa?

tabibu_wa_zamu:
Hapana, tulia. Tumbo bado limevimba kwa ndani, wengi wanatapika siku ya kwanza na ya pili. Mpumzishe kidogo umpe tena. Mwambie nesi aandike kila anapotapika, ikizidi siku kadhaa bila kupungua ndo watamwangalia upya. Kakojoa?

mama_shuu:
Kanilowesha gauni lote

Bi_Zuhura:
Haya mpe ziwa.