Orodha rasmi imeyapeleka mahame yetu Unguja. Nianzie wapi kurekebisha?

BintiMicheweni

Assalaam alaykum wanajamvi.

Mimi ni mwalimu wa skuli huku kaskazini mwa Pemba. Mwezi uliopita nilitaka kuwapeleka wanafunzi wangu wa historia kwenye mahame ya Chwaka, haya yaliyo karibu na Tumbe ambayo wenyeji wengi wanapaita kwa Haruni, mtawala wake wa zamani. Nikatakiwa kujaza fomu ya ziara, na fomu inataka jina na namba ya eneo kama ilivyo kwenye orodha rasmi ya maeneo ya kihistoria. Ya ofisi gani sisemi, nisije nikaharibu kabla sijaanza.

Orodha nimeipata. Misikiti imetajwa, makaburi yametajwa, Haruni mwenyewe yumo. Lakini penye mahali pameandikwa: Chwaka, Wilaya ya Kati, Unguja. Na picha waliyoweka ni ya ufukwe wa Chwaka ya Unguja, ngalawa zimeegeshwa, hakuna hata jiwe moja la magofu. Mwanafunzi wangu mmoja akaniuliza, "Maalim, kwa hiyo tunapanda boti?"

Nikaendelea kusoma, nikaona mengine mawili. Kwanza, Haruni ameandikwa kuwa ni Mmazrui, yaani wa ule ukoo wa watawala wa Mombasa. Sisi wazee wetu wanamnasibisha na Mkame Ndume, mtawala wa zamani wa Pujini hapa hapa Pemba, na Mazrui walikuja kutawala huku baadaye sana, karne ya 18. Pili, kwenye orodha hiyo hiyo msikiti wa Kizimkazi Dimbani umepewa mwaka 1107. Maandishi ya kibla yanasema 500 Hijria. Mimi nimejumlisha 622 nikapata 1122. Wamekosea miaka kumi na tano.

Nilikwenda kusema kwa mdomo, nikajibiwa kwamba orodha imeshapita na haibadiliki. Naomba ushauri: niandike kwa nani, na niambatanishe nini?

Yakhe_wa_Konde

Waalaykumu salaam Bi Mwalimu. Sasa yakhe, kwani magofu yamehama? Si yapo pale pale, na mbuzi wanakula majani pale pale? Wapeleke watoto, rudini, mambo ya karatasi waachieni wenye karatasi.

BintiMicheweni

Kaka, na mimi ningesema hivyo hivyo wiki tatu nyuma. Lakini tulipofika tulimkuta bwana mmoja anapakia mawe kwenye gari ya ng'ombe, anataka kujengea msingi. Nikamwambia eneo hili limehifadhiwa. Akaiomba ile karatasi niliyoshika, akaisoma taratibu, akanirudishia: "Hili la kwako liko Unguja." Akaendelea kupakia. Nilikosa la kumjibu mbele ya watoto.

Yakhe_wa_Konde

Lo. Basi nimenyamaza.

MtotoWaShangani

Pole sana dada. Nenda Mamlaka ya Mji Mkongwe, ndio wenye mamlaka ya majengo ya kale. Mimi walinizuia kubadilisha dirisha moja tu la baraza, itakuwa msikiti mzima!

Mzee_wa_Majalada

Mwanangu wa Shangani, usimpotezee mwenzio nauli ya boti. Mamlaka ile inashughulika na Mji Mkongwe wa Unguja tu, huo huo ulioingizwa kwenye Urithi wa Dunia mwaka 2000. Mahame ya mashamba na ya Pemba yako chini ya Makumbusho na Mambo ya Kale, na yana sheria yake ya kuyalinda. Bi Mwalimu, wewe usivuke bahari. Chake Chake, pale ngomeni palipo na makumbusho, ndipo pa kuanzia.

Nimekaa na majalada sehemu kubwa ya umri wangu, kwa hiyo nivumilie nikirefusha.

Mambo yako matatu si ya aina moja, na ukiyatia katika barua moja utaangusha yote. La Chwaka ni kosa la wazi: majina mawili yanafanana, mtu ameketi mjini, amesikia Chwaka, akaandika ile anayoijua yeye. Hilo halina ubishi, linaonekana kwa macho. La Haruni ni la nasaba. Hapo una neno la wazee, nalo lina haki yake, lakini ofisi haiwezi kufuta sentensi kwa sababu mwalimu kasema wazee wamesema. Na la Kizimkazi, mwanangu, ni kosa lako wewe.

Usione haya, nimewaona wasomi wakubwa wakianguka papo hapo. Mwaka wa Hijria ni mfupi kuliko wa Miladia kwa siku kumi na moja hivi. Kwa hiyo miaka 33 ya Hijria ni sawa na 32 ya Miladia, na huwezi kujumlisha 622 ukaondoka. Gawa kwanza: 500 kwa 33 unapata 15 na kitu. Toa 15 kwenye 500, zinabaki 485. Sasa ndio jumlisha 622. Umepata ngapi? 1107. Karatasi yao imesema kweli. Ungeipeleka barua yako ilivyo, yule ofisa angelitazama hilo moja, akacheka, na Chwaka ingebaki Unguja miaka mingine ishirini.

Ila kuna jambo la kweli hapo Kizimkazi ambalo hukuliona. Mwaka 1107 ni wa maandishi ya kibla. Msikiti wenyewe ulijengwa upya karne ya 18, na kuta nyingi unazoziona leo ni za wakati huo. Mtu akiandika "msikiti huu umejengwa 1107" akanyamaza, kasema nusu. Lakini hilo ni la kuongezewa maelezo, si la kufutwa, na mwenye kulidai awe wa Kizimkazi. Tena aseme Dimbani, maana Kizimkazi ziko mbili na watalii kila siku wanashushwa Mkunguni wanaulizia msikiti.

Jengine: orodha uliyonayo huenda ni nakala ya nakala. Eneo likitangazwa kuhifadhiwa, tangazo hutoka katika Gazeti Rasmi. Litafute tangazo hilo kabla ya barua, kwenye maktaba ya ofisi au Nyaraka za Taifa, Kilimani. Ukiwa na jamaa Unguja mtume. Tangazo likiwa limeandika Pemba, basi unachoomba ni kusahihisha nakala ifuate asili yake, kazi ya siku moja. Likiwa tangazo lenyewe limekosea, safari ni ndefu, itataka tangazo jipya. Barua hizi mbili hazifanani hata kidogo, kwa hiyo ujue kwanza unaandika ipi.

Mpimaji_Miembeni

Mzee amemaliza, mimi naongeza la ramani tu. Barua isiseme "karibu na Tumbe". Weka tarakimu. Simama katikati ya msikiti mkubwa, washa simu, subiri itulie, andika latitudo na longitudo, halafu rudia siku nyingine uone kama zinakubaliana.

Kuna njia nyepesi ya kumwonesha mtu yeyote ofisini. Pemba yote inamalizika kabla ya nyuzi 5.5 kusini. Unguja inaanzia karibu 5.7. Tumbe iko kwenye 4.9 na kitu, Chwaka ya Unguja 6.1 na kitu. Kwa hiyo wakikubali tarakimu zako, hawawezi tena kusema ni Unguja, hata wasipowahi kufika.

Tahadhari mbili. Sisi tuko kusini mwa ikweta, kwa hiyo latitudo ina alama ya kutoa mbele yake. Nimeona majedwali kadhaa alama hiyo imeanguka wakati wa kunakili. Ukiiangusha kwa Tumbe, Haruni atazikwa Ethiopia. Ya pili: ukipewa tarakimu kutoka ramani ya zamani usizitie kwenye simu moja kwa moja. Ramani nyingi za zamani za Afrika Mashariki zilitumia mfumo wa kupimia mahali uitwao Arc 1960, simu inatumia mwengine, WGS 84, na tofauti yake huku kwetu ni karibu mita 300. Mita 300 zinatosha kuuondoa msikiti msituni ukauweka kwenye konde la mtu, halafu ugomvi mwengine uanze.

BintiMicheweni

Shikamoo Mzee. Nimeona haya lakini nimefurahi. Darasani nimewafundisha watoto kujumlisha 622 miaka minne mfululizo! Kesho naanza upya na hesabu ya 33.

Kaka Mpimaji, vipimo watachukua wanafunzi wenyewe, wana hamu hiyo.

Swali: sheha, kiongozi wetu wa serikali hapa mtaani, nimpitie au nende moja kwa moja?

Bi_Mkubwa_Mkunazini

Mpitie, mwanangu, mpitie. Ofisa akija kukagua, wa kwanza kumuuliza ni sheha. Akiambiwa "mimi sina habari hiyo", umekwisha.

Na nikuusie jambo lililonikuta mimi. Nyumba yetu ya ukoo Mji Mkongwe iliandikwa kwa jina la jirani, na mlango wetu wa kuchonga ukaelezwa kuwa ni wa nyumba ya pili. Nikaandika barua ya kurasa nne. Nikaeleza babu alivyonunua, nani alizaliwa chumba gani, wakfu, mirathi, kila kitu. Miaka mitatu hakuna jibu. Siku moja kijana mmoja wa ofisi ile akanionea huruma akaniambia, "Bi, jalada lako limewekwa kwenye migogoro ya mali." Nilichotaka ni kusahihishiwa mlango tu! Nikaandika upya, nusu ukurasa, mlango na namba ya nyumba, sikumtaja babu. Miezi miwili wakarekebisha.

Kwa hiyo kama ukoo wako una shamba upande huo, au unahusiana na hao unaowasema, usilitie jina la ukoo kwenye barua hii. Na huyo bwana wa mawe pia usimtaje humo. Hilo ni la sheha na polisi, lina njia yake.

MtotoWaShangani

Nimekosolewa, nimekubali. Lakini Mzee, hilo la Haruni ndio liachwe hivyo hivyo? Kumwita mtu Mmazrui naye si Mmazrui si jambo dogo.

Mzee_wa_Majalada

Halikuachwa, limewekwa foleni. Mazrui nao wana makaburi yao upande ule, ndio maana mambo yamechanganywa. Zama mbili zimelala kwenye kichaka kimoja. Bi Mwalimu akae na wazee wawili watatu, kila mmoja peke yake, aandike maneno yao kama walivyosema, na tarehe, na nani alimhadithia mzee huyo. Wakitofautiana aandike tofauti yao, asiipige pasi. Kisha ombi lake lisiwe "futeni Mazrui", liwe "andikeni kwamba wenyeji wanamnasibisha Haruni na Mkame Ndume". Ofisa hana sababu ya kulikataa hilo, kwa sababu ni kweli kwamba wenyeji wanasema hivyo.

Mimi nina ugonjwa wa kinyume chake: sipendi mtu anapopata dhana nzuri akaigeuza jina. Wapo wanaotaka Ras Mkumbuu, mahame mengine ya hapa Pemba, iandikwe kila mahali kuwa ndiyo Qanbalu, mji wa kale alioutaja msafiri Mwarabu al-Masudi karne ya 10. Inaweza kuwa. Lakini kibao cha njiani si mahali pa "inaweza kuwa".

Barua yenyewe: ukurasa mmoja. Juu, namba ya eneo. Chini yake, yalivyoandikwa sasa, neno kwa neno. Chini yake, yanavyotakiwa yawe. Kisha ushahidi: tarakimu, picha mbili zenye kuonesha kibla na mazingira, barua ya sheha. Uombe jina la zamani lisifutwe kabisa, liwekewe alama kwamba lilikosewa, maana kuna watu wameshanukuu namba hiyo na watakuja kuulizia. Toa nakala mbili, ofisi ipige muhuri wa kupokea na tarehe kwenye nakala yako. Bila muhuri huo hukupeleka kitu.

BintiMicheweni

Wiki tano baadaye, narejesha habari.

Jamaa yangu alilipata tangazo. Limeandika Pemba! Kosa liliingia kwenye nakala tu, kama Mzee alivyobashiri. Barua imetoka nusu ukurasa. Sheha aliandika yake kwa mkono, nzuri kuliko yangu. Vipimo vilichukuliwa na wanafunzi siku mbili tofauti. Siku ya kwanza wawili kati yao walisahau alama ya kutoa, tukacheka sana.

Ofisa alikuja kutoka Chake, kijana mpole, akazunguka na sisi saa mbili. Jedwali limesahihishwa, nimeliona kwa macho yangu: Chwaka, Wilaya ya Micheweni, Pemba. Picha bado ni ile ya ngalawa, amesema mpiga picha atakuja. Bwana wa mawe ameitwa na sheha, mawe mengine ameyarudisha, mengine yameshaingia msingini.

La Haruni bado. Yakhe_wa_Konde amejitolea kunipeleka kwa babu yake mdogo, ambaye inasemekana anaijua nasaba ile mpaka juu. Tulikwenda Jumapili. Mzee akatukaribisha vizuri, akatupa uji, lakini kuhadithia akakataa. Anasema karafuu ziko jamvini, mvua inanyemelea, turudi zikishakauka.