Mfanyakazi anayerekodiwa kwenye dokumentari: alipwe au asilipwe?

Kalamu_Nyeusi: Wakuu, jana nimerudia kuitazama American Factory ya 2019, ile ya kiwanda cha vioo cha Fuyao kule Ohio. Kuna mama anasema alipokuwa kampuni ya magari ya General Motors alikuwa akipata dola 29 na ushei kwa saa, hapo Fuyao anapata 12.84. Filamu ikachukua Oscar. Je, watu ambao maumivu yao ndiyo filamu yenyewe walipwe?

Mshale: Wasilipwe. Ukimlipa, kesho mwenye kiwanda atasema ushahidi umenunuliwa, na hapo filamu imekufa. Halafu tusidanganyane, wengi wao wanapenda tu kuonekana.

Zamu_ya_Usiku: Mshale, rudia hapo. Kupenda kuonekana? Mimi nimerekodiwa. Nilikuwa kwenye mashine ya kukata bati, kidole changu cha shahada hakina pingili ya juu. Kijana wa kamera akaniomba nivue glavu taratibu. Nikavua. Akasema mwanga haukukaa vizuri, nivae tena, nivue tena. Mara tatu. Ya tatu nikageuza uso dirishani, na hicho ndicho kipande walichoweka. Watu wakasema nilikuwa natafakari. Nilikuwa naona aibu.

Mshale: Pole ndugu yangu, lakini sikukusema wewe.

Zamu_ya_Usiku: Umesema "wengi wao". Mimi ni mmoja wao.

Kitasa: Tuache kidole. Tatizo ni hizo mara tatu, hayo ni maigizo. Mwongozaji Robert Flaherty alifanya vilevile kwenye Nanook, dokumentari yake ya 1922 kuhusu wawindaji wa Inuit kule Aktiki: watu hao walishakuwa na bunduki, yeye akataka wawinde kwa mikuki.

Bi_Mkubwa: "Tuache kidole"! Kitasa, soma tena ulichoandika.

Kitasa: Nazungumzia ukweli wa picha, Bi Mkubwa, usinigeuzie maneno.

Bi_Mkubwa: Na mimi nazungumzia mtu. Barbara Kopple, mtengenezaji wa dokumentari, alikwenda kukaa na wachimba makaa wa Harlan, Kentucky, kwenye ule mgomo wao.

Mshale: Wa miaka ya sitini.

Bi_Mkubwa: Ulianza 1973, filamu yake ikatoka 1976. Kamera ilikuwa nao alfajiri kwenye mstari wa mgomo, bunduki zikiwa mbele yao. Kijana mmoja mchimbaji alipigwa risasi akafa. Hao nao walikuwa wanapenda kuonekana?

Mshale: Neno moja tu mmelishikia bango! Hoja yangu ya ushahidi hakuna aliyeigusa.

Kalamu_Nyeusi: Turudi kwenye malipo, jamani. Zamu, ungepewa pesa ungepokea?

Zamu_ya_Usiku: Sijui. Nilichotaka ni kuambiwa itaonyeshwa lini. Msimamizi wangu aliiona kabla yangu, mwisho wa mwezi mkataba haukuongezwa.

Kitasa: Ulisaini fomu lakini?

Zamu_ya_Usiku: Nilisaini nikiwa kazini, kengele ya mapumziko ikilia. Kurasa nne. Wewe ungezisoma zote?

Bi_Mkubwa: Umekaa miezi mingapi bila kazi?

Zamu_ya_Usiku: Saba.